Jinsi ya kuhamishia picha ya jamaa kwenye ubao bila kuipoteza ile ya asili

KATIKA nyumba nyingi za kupanga mitaani kama Githurai 45, wenye nyumba hawapendi kuona mpangaji akipigilia misumari ukutani. Picha za familia basi hujihifadhi popote zinapopata nafasi: katikati ya kurasa za Biblia, ndani ya mkoba wa stakabadhi pamoja na vyeti vya kuzaliwa, au chini ya godoro katika bahasha iliyokunjika. Siku msiba unapobisha hodi ndipo hutafutwa kwa pupa, na aghalabu inayopatikana ni moja tu, ndogo, iliyopigwa kwa ajili ya kitambulisho.

Ufundi wa kubandika picha kwenye ubao unawafaa sana wakazi wa maeneo ya aina hii. Ubao husimama wenyewe juu ya kabati. Hauna kioo cha kuvunjika siku ya kuhama. Isitoshe, vifaa vyake vyote vinapatikana kwa mwendo wa miguu: vipande vya mbao kwa maseremala wa kando ya barabara, gundi nyeupe katika duka la vifaa vya ujenzi, na nakala ya picha katika duka la saiba.

Hata hivyo, ni ufundi huohuo ambao umezifanya familia kadha kupoteza picha zisizoweza kupatikana tena. Mtu huichukua picha yenyewe, akaipaka gundi, akaibandika; ikijikunja au kutoka madoa, hakuna nyingine. Kanuni ya kwanza na ya lazima, kwa hivyo, ni kwamba kinachobandikwa ni nakala. Picha ya asili hairuhusiwi kukaribia gundi hata kidogo.

Kiuu ni mojawapo ya wadi za eneobunge la Ruiru, Kaunti ya Kiambu, eneo lililomegwa kutoka Juja kabla ya uchaguzi mkuu wa 2013. Tangu upanuzi wa barabara kuu ya Thika ulipokamilika mwaka wa 2012, majengo ya ghorofa yamezidi kuota pande zote, na wengi wanaoishi humo asili yao ni kwingine. Mtu aliyeacha kwao akiwa na begi moja huenda picha ya mamake ndiyo urithi pekee aliobeba.

Asili ya ufundi huu

Katika lugha nyingi za Ulaya ufundi huu hujulikana kwa jina linalotokana na neno la Kifaransa découper, yaani kukata. Katika karne ya 18 mafundi wa Venice, Italia, walikata michoro iliyochapishwa kwenye karatasi, wakaibandika kwenye makabati na meza, kisha wakaifunika kwa vanishi tabaka juu ya tabaka hadi ikafanana na samani ghali zilizoagizwa kutoka China na Japani. Waitalia waliiita lacca povera, vanishi ya maskini. Mnunuzi asiyekuwa na uwezo wa kuagiza kutoka Mashariki ya Mbali alijipatia kitu cha kupendeza kwa bei nafuu.

Huku kwetu, kukata picha na kuipa makao mapya si jambo geni. Katika kisiwa cha Lamu, Omar Said Bakor aliendesha studio tangu miaka ya 1960 na akapata sifa kwa kukata picha za wateja na kuzipanga upya, mtu akaonekana ameketi katikati ya ua. Kazi za studio hiyo zimeandikwa na mwanaanthropolojia wa Ujerumani, Heike Behrend. Bakor hakubandika kwenye mbao, lakini yeyote anayeshika makasi leo akitaka kuuondoa uso wa babu katika picha ya kundi na kuuweka mahali pake pekee, anafanya kazi ya ukoo huo.

Tofauti ni moja. Enzi hizo studio ilibaki na negativu, na mteja aliyeharibu picha yake angerudi kuomba nyingine. Kamera za simu zilipoenea, studio nyingi za mitaani zilifungwa milango, na negativu zake leo hazipatikani. Ile karatasi iliyo mkononi mwako ndiyo mwanzo na ndiyo mwisho.

Nakala kwanza

Mpe mhudumu wa saiba picha na umwombe aipitishe kwenye skana, si kuipiga picha kwa simu chini ya taa ya dari. Taa huacha mng'aro kwenye paji la uso, na mng'aro huo hauondoki tena.

Ubora wa nakala hupimwa kwa idadi ya nukta katika kila inchi. Ukitaka nakala yenye ukubwa uleule wa picha ya asili, nukta 300 zinatosha. Ukitaka kuikuza, zidisha. Picha ya pasipoti ina upana wa milimita 35. Kuifikisha milimita 140 ni kuikuza mara nne, kwa hivyo skana iwekwe nukta 1,200. Wahudumu wengi huiacha mashine katika kipimo cha chini kwa kuwa inakwenda haraka, kisha picha ikikuzwa macho ya marehemu yanageuka miraba. Sema kipimo unachokitaka kabla hajabonyeza.

Faili hiyo usiiache kwenye kompyuta ya duka. Jitumie kwa baruapepe, kisha umtumie na ndugu mmoja anayeishi mbali. Moto au mafuriko yakizuru chumba chako, hayatafika kwake siku hiyohiyo.

Kuna hali moja inayohitaji tahadhari ya pekee, nayo ni picha iliyogandamana na kioo cha fremu. Uso wa picha ya studio una utando wa jelatini, ambao hunyonya unyevu na kunata. Ukiivuta, uso unabaki kwenye kioo na karatasi tupu mkononi. Usiivute, wala usiipashe moto. Ipeleke ikaskaniwe pamoja na kioo chake, baada ya kukifuta kioo upande wa nje, kisha uiache ilivyo.

Wino ndio huamua kila kitu

Mashine za kuchapisha zilizoko madukani ni za aina mbili, na mteja asiyeuliza huondoka bila kujua amepewa ipi.

Ya kwanza hunyunyiza wino wa majimaji. Rangi zake ni laini na ngozi ya mtu huonekana vizuri, lakini wino wa mashine nyingi za aina hii huyeyuka ukikutana na maji, na gundi nyeupe ni ya maji. Ya pili, iitwayo leza, hutumia unga wa plastiki uliochanganywa na rangi, ambao huyeyushwa kwa joto na kushikamana na karatasi. Unga huo ukishapoa, maji hayauwezi. Mashine kubwa za kutolea fotokopi pia hufanya kazi kwa njia hii.

Namna ya kuzitofautisha ni rahisi. Lowanisha kidole, upapase ukingo wa nakala. Rangi ikikufuata kidoleni, ni wino wa maji.

Mwandishi wa makala haya alilijua hilo baada ya hasara. Nakala ya kwanza ya nyanyake ilitoka dukani iking'aa kuliko hata picha yenyewe, na dakika chache baada ya gundi kupita, buluu ya kitambaa cha kichwani iliteremka hadi mashavuni. Bahati ni kwamba picha ya asili ilikuwa kwenye bahasha.

Asiye na budi kutumia wino wa maji aipulizie nakala vanishi ya kopo, tabaka mbili nyepesi pande zote mbili, na kuiacha ikauke kabisa kabla ya gundi. Lakini pale ambapo leza ipo, taabu hiyo haina haja.

Karatasi nayo iwe ile ya kawaida ya ofisini, yenye uzito wa gramu 80 kwa mita mraba. Karatasi nene ya kung'aa inayouzwa kwa ajili ya picha ina tabaka la plastiki, haifyonzi gundi, na pembe zake huinuka baada ya majuma machache.

Kuuchagua na kuuandaa ubao

Kazi hii haitaki mbao ngumu wala za thamani. Kipande cha saipresi, msonobari au grivilea chenye unene wa inchi moja kinafaa, na plaiwudi inafaa zaidi kwa kuwa haijipindi. Muhimu ni ukavu. Mbao nyingi zinazouzwa kando ya barabara zimetoka kwenye msumeno juzi na bado zina maji ndani. Zikikauka zikiwa tayari na picha, hujikaza na kupasuka, na ufa hupita palepale usoni. Kipande kibichi huwa kizito na baridi ukikiegemeza shavuni. Kiweke chumbani wiki tatu au nne, kikiwa kimeinuliwa ili hewa ipite chini yake.

Epuka kipande chenye vifundo vinavyotoa utomvu, hasa cha msonobari. Utomvu hupenya gundi na kuacha doa la kahawia miezi kadha baadaye, wakati ambapo umeshasahau na kuanza kumlaumu muuza vanishi.

Baadhi ya watu hubomoa paleti za viwandani. Ni mbao nzuri na kavu, ila kagua muhuri uliochomwa ubavuni. Herufi HT zina maana kuwa mbao ziliuliwa wadudu kwa joto, nazo ni salama. Herufi MB zina maana kuwa zilifukizwa kwa kemikali ya methili bromidi. Hizo usiziingize nyumbani.

Sugua ubao kwa msasa namba 80 ukianza, halafu 120, halafu 220, ukifuata mkondo wa nyuzi za mbao. Ukisugua kwa kukingama, mikwaruzo itaonekana chini ya karatasi kama mistari ya jembe. Vunja makali ya kingo. Pangusa vumbi lote kwa kitambaa chenye unyevu kidogo, kisha paka tabaka moja jembamba la gundi iliyozimuliwa na uliache likauke. Tabaka hilo huziba vinyweleo vya mbao, hivyo gundi ya pili haitanyonywa yote kabla ya karatasi kushika.

Kubandika

Punguza gundi nyeupe ya seremala kwa maji: vipimo vitatu vya gundi kwa kimoja cha maji. Paka ubao, paka na mgongo wa nakala, kisha usubiri kama dakika mbili. Hapa ndipo wengi hukosea. Karatasi ikilowa hutanuka, na ukiibandika papo hapo itaendelea kutanuka ikiwa imeshashika, itoe mikunjo. Iache itanuke mkononi mwako kwanza.

Iteremshe ukianzia upande mmoja kuelekea mwingine, kama anayetandika shuka. Funika kwa karatasi ya nailoni, kisha usukume hewa kutoka katikati kwenda pembeni kwa kadi ya zamani ya plastiki. Usisugue karatasi iliyolowa moja kwa moja, itachanika. Kipovu kikikataa, kiache hadi gundi ikauke, ukitoboe kwa ncha ya wembe, ukipenyezee tone la gundi na kukibonyeza.

Acha hadi kesho yake. Kata karatasi iliyozidi kingo kwa kusugua msasa mwembamba kuelekea chini. Itakatika safi kuliko kwa makasi.

Njia ya kugeuza

Wapo wanaopenda nyuzi za mbao zionekane ndani ya picha yenyewe, na kwao ipo njia nyingine. Nakala, ambayo hapa lazima iwe ya leza, huchapishwa ikiwa imegeuzwa kama inavyoonekana kwenye kioo. Usipoigeuza, maandishi yatasomeka kinyume na saa itahamia mkono mwingine. Hubandikwa uso ukiangalia ubao, kwa gundi nzito isiyozimuliwa. Baada ya saa 24, mgongo wake hulowanishwa kwa kitambaa na karatasi kusuguliwa taratibu kwa ncha za vidole, kwa duara, hadi itoke yote vipande vipande. Unga wa rangi hubaki umeshikwa na gundi.

Ikikauka, utaona ukungu mweupe. Hizo ni nyuzi za karatasi zilizosalia. Lowanisha tena, sugua tena, mara tatu hata nne. Ukiwa na haraka utaondoa na pua ya mtu.

Njia hii ina siri moja ambayo haina budi kufahamika mapema: mashine haichapishi rangi nyeupe. Nyeupe yote unayoiona katika nakala ni karatasi tu. Karatasi ikiondoka, shela la bibi harusi linakuwa na rangi ya saipresi, na meno vivyo hivyo. Kwa picha za zamani zisizokuwa na rangi, jambo hilo hupendeza, huipa picha joto fulani. Kwa picha ya harusi, heri ile njia ya kwanza, au uupake ubao rangi nyeupe kabla ya kuanza.

Kwa kauli ya mwandishi huyu, anayeanza asijaribu njia ya kugeuza kwa picha ya mtu. Ajaribu kwanza kwa picha ya ua au ya ng'ombe.

Vanishi na hatari zake

Picha isiyofunikwa huharibiwa na vumbi na vidole. Kwanza paka tabaka mbili za gundi iliyozimuliwa juu ya karatasi, ukiacha kila moja ikauke. Gundi hiyo ni kinga: vanishi ya mafuta ikiigusa karatasi tupu huifanya iwe kama karatasi ya kufungia mandazi, na mbao zikaonekana kupitia usoni.

Vanishi ya maji haigeuki manjano upesi, na haina harufu kali. Vanishi ya mafuta ni ngumu zaidi lakini huelekea umanjano kadiri miaka inavyopita. Tabaka tatu au nne nyembamba zatosha. Wapenzi wa ufundi wa kale hupaka hata 30 au 40, wakipitisha msasa laini katikati, hadi kidole kisiweze kuhisi ukingo wa karatasi. Hilo ni suala la subira ya mtu.

Anayeishi katika chumba kimoja na azingatie neno hili. Mvuke wa vanishi ya mafuta na ule wa thina hushika moto upesi. Kazi hiyo isifanywe karibu na jiko la makaa, la gesi wala la mafuta taa, wala usiku mlango ukiwa umefungwa na watoto wamelala. Ipeleke nje au kwenye ubaraza. Vitambaa vilivyolowa vanishi ya mafuta visilundikwe pamoja, kwa maana vinaweza kujiwasha vyenyewe. Vitandaze vikauke ndipo uvitupe.

Ukitaka kuuza

Vijana kadha wa mijini hutengeneza mbao za aina hii kwa maagizo ya siku za kuzaliwa, mahafali na matanga. Mteja anapokuletea picha ya kwao hakuna tatizo. Tatizo huja mtu anapochapisha picha ya mwanamuziki au mwanasoka aliyoitoa gazetini au mtandaoni na kuiuza sokoni. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka wa 2001 huilinda picha kwa miaka 50, na kuibandika kwenye mbao hakuifanyi kuwa mali yako. Vilevile, picha ya mteja usiitumie kutangazia biashara kabla ya kupata ridhaa yake. Sheria ya Kulinda Data ya mwaka wa 2019 inahusu hata sura ya mtu.

Katika kupanga bei, wengi huhesabu mbao na gundi na kusahau saa walizotumia kusugua. Ubao mmoja mdogo huchukua siku tatu toka mwanzo hadi mwisho, ingawa sehemu kubwa ni ya kungoja ukauke. Anayetengeneza kumi kwa pamoja hutumia siku zilezile tatu.

Kuutunza ubao na ile picha ya asili

Usiuweke ubao mahali ambapo jua la dirishani huupiga, wala juu ya jiko. Jua hula rangi, mvuke huinua karatasi. Kuusafisha, kitambaa kikavu kinatosha.

Picha ya asili irudishwe kwenye bahasha ya karatasi, si ya nailoni, na iwekwe pakavu, mbali na sakafu. Zile albamu za kurasa zenye kunata, zilizokuwa za fahari miaka ya 1980, zina gundi ambayo huzila picha taratibu. Anayeweza kuzitoa bila kuzipasua azitoe, na zinazokataa ziskaniwe zikiwa humohumo. Usiandike nyuma ya picha kwa kalamu ya wino, kwani wino hupenya hadi usoni na kalamu huacha makovu. Tumia penseli laini.

Nyuma ya ubao pia, kabla ya tabaka la mwisho la vanishi, andika kwa penseli majina ya walio pichani kutoka kushoto kwenda kulia, mahali ilipopigwa na mwaka, na pia mahali picha ya asili inapohifadhiwa. Ikiwa mwaka haujulikani, muulize mzee wa familia angali yupo, kisha ndipo uupitishie upande huo vanishi.